Rimiksi, Mseto au Mpandikizo?

Neno rimiksi limekwisha kuingia katika Kiswahili, wala hapana dalili kwamba litatoka. Twalisikia redioni, twalisoma katika matangazo ya kumbi za starehe, na vijana wanapolitamka hawahisi hata kidogo kwamba wanasema neno la kigeni. Hatuna ugomvi nalo kwa ajili ya ugeni wake. Lugha iliyokwisha kupokea redio, filamu, gitaa na disko, ikayafanya maneno hayo yatii sarufi yake, haiwezi kuogopa neno moja zaidi. Ugomvi wetu ni wa namna nyingine. Neno hili limekuwa kapu la kutilia kila kitu: wimbo uliorefushwa ni rimiksi, na uliofupishwa ni rimiksi, wimbo ulioimbwa upya na mtu mwingine kabisa ni rimiksi, hata wimbo ulioongezwa kasi tu, bila ya kuguswa mahali pengine popote, nao ni rimiksi. Istilahi isiyotenga kitu na kitu haijafanya kazi ya istilahi.

Tunakusudia kulipima neno hilo kwa nyimbo za aina moja, nazo ni nyimbo za dansi za Kifaransa za miaka iliyopita, ambazo wapiga santuri wa klabu wamezitengeneza upya na ambazo huchezwa hata kwetu. Tumezichagua kwa makusudi. Mtu wa Moshi akisikia wimbo wa Marijani Rajab umekatwa ubeti atajua mara moja, kwa kuwa maneno anayafahamu. Akisikia wimbo wa Kifaransa umekatwa ubeti, aghalabu hana njia ya kujua isipokuwa jina la kazi hiyo limwambie. Hapo ndipo istilahi inapomfaa mwananchi wa kawaida, wala si mwanazuoni peke yake.

Tulialikwa arusi Chekereni, kusini ya mji wa Moshi. Wasiopajua mahali hapo yafaa waelezwe kwamba ni nchi tambarare chini ya mlima, iliyomo katika mradi wa umwagiliaji wa Lower Moshi uliokamilika mwaka 1987 kwa mkopo wa Japani, na kwamba hapo pana chuo cha mafunzo ya kilimo kilichoanzishwa mwaka 1994, ambacho kimewafundisha kilimo cha mpunga wakulima wa mikoa mingi. Wakazi wake ni wa makabila mbalimbali, na Kiswahili ndicho lugha ya majaruba. Usiku ulipoiva, mpiga santuri, kijana hodari katika kazi yake, akapiga wimbo wa Stromae uitwao Alors on danse, lakini si kama ulivyotoka mwaka 2009. Alichotupigia kilikuwa kiitikio peke yake, kikizungushwa juu ya ngoma nzito kwa muda wa dakika saba au nane. Watu wakainuka, nasi tukainuka. Tuliporudi mezani, mama mmoja wa makamo akamwuliza mgeni aliyetoka Bukavu, "Baba, huyo mtu anasema nini?"

Mgeni akajibu, "Mama, hapo anatwambia tucheze tu. Lakini wamemkata maneno. Wimbo wenyewe ni wa kazi na madeni."

Yule mama akacheka hata akashika ubavu. "Madeni? Si wangeyaacha nasi tuyasikie!"

Mgeni alisema kweli. Stromae, ambaye jina lake ni Paul Van Haver, alizaliwa Brussels mwaka 1985; mama yake Mbelgiji, na baba yake Mnyarwanda aliyeuawa katika mauaji ya kimbari ya mwaka 1994. Beti za wimbo wake zinamwandama mtu wa kawaida kutoka masomoni hadi kazini, kutoka kazini hadi kwenye mkopo, na kutoka kwenye mkopo hadi kwa wadai. Kisha zinamletea talaka, na msiba, na shida za dunia nzima. Mtu huyo akichoka kabisa, ndipo kiitikio kinapokuja na kumwambia acheze. Kwa hiyo kucheza katika wimbo huu si furaha. Ni mahali anapokimbilia mtu asiyekuwa na pa kukimbilia, na muziki ule wa kukariri uliomo ndani yake una ukali wa mtu anayecheka bila ya kufurahi. Sasa, kiitikio kikitengwa na beti hizo, kinabadilika na kuwa mwaliko wa starehe. Hakuna neno hata moja lililogeuzwa, na hata hivyo maana imepinduka juu chini.

Jambo hilo lilitugusa zaidi kwa sababu ya mahali tulipokuwapo. Mkulima wa mpunga hulipia trekta, mbolea na vibarua miezi kabla ya kuona gunia la kwanza, na wengi hufanya hivyo kwa kukopa. Wimbo wa madeni ulipigwa mbele ya watu wanaoyajua madeni, nao wakacheza bila ya kujua kwamba umewahusu. Hatumlaumu kijana yule. Kazi yake ilikuwa kuwachezesha watu, na aliwachezesha. Alipoulizwa hiyo ni nini alijibu kwa neno alilopewa na dunia: rimiksi. Neno halikumsaidia yeye kueleza alichokipiga, wala halikumsaidia yule mama kujua alichonyimwa.

Kabla ya kutafuta maneno, ni vema tujue kitendo chenyewe kilivyozaliwa. Mwishoni mwa miaka ya 1960 na mwanzoni mwa miaka ya 1970, mafundi wa Jamaika, na hasa Osbourne Ruddock aliyejulikana kwa jina la King Tubby, walianza kuzipakua nyimbo: walitoa sauti ya mwimbaji, wakabakiza besi na ngoma, kisha wakazirusharusha sauti kwa mwangwi. Kule New York, katikati ya miaka ya 1970, Tom Moulton alikuwa akizirefusha nyimbo kwa ajili ya wachezaji wa disko, kwa kuwa dakika tatu za santuri ndogo zilikuwa zikiisha watu hawajapata hata jasho. Mwaka 1976 ikatolewa kwa ajili ya kuuzwa madukani santuri ya inchi 12 ya wimbo wa Ten Percent wa kundi la Double Exposure, ambayo Walter Gibbons aliitengeneza kwa kuyazidisha mapigo ya ngoma. Huo ndio msingi wa mambo yote yaliyofuata. Mafundi hao wote walitumia kanda ileile ya awali ambayo juu yake kila ala ilikuwa imerekodiwa katika njia yake, wakapunguza hapa na kuongeza pale. Neno la Kiingereza lililokopwa lilimaanisha hivyo tu: kuzichanganya upya njia za sauti zilizokwisha kurekodiwa.

Haifai tuyasome haya kana kwamba sisi tulikuwa watupu. Wanamuziki wetu wa dansi walikuwa na neno chemko kwa ile sehemu ya pili ya wimbo, pale ambapo maneno hupungua, magitaa huongeza kasi na wachezaji hujaa uwanjani. Wenzetu wa Kongo waliita sebene. Mwimbaji alisema kisa chake kwanza, watu wakamsikiliza wakiwa wanacheza taratibu. Baada ya hapo wimbo ukachemka. Kwa msomaji anayezijua bendi zetu, kazi ya Gibbons yaweza kuelezwa kwa sentensi moja: alichukua chemko akaifanya ndiyo wimbo. Na upungufu wa kiitikio kile tulichokisikia Chekereni nao waelezeka vivyo hivyo. Kilikuwa chemko isiyokuwa na maji wala moto. Sijui ni nani kati ya watunga istilahi wetu aliyelisahau neno hilo, lakini lingalipo, na lingefaa kurudishwa kazini.

Tukirudi kwenye nyimbo za Kifaransa, tunaona kwamba kapu hilo moja limebeba vitendo visivyolingana. Voyage, voyage wa Desireless ulitoka Ufaransa mwaka 1986, na mwaka 1988 ukapelekwa Uingereza baada ya Pete Hammond kuuchanganya upya. Sauti ni ya mwanamke yuleyule, beti zote zimo, mpangilio haukuguswa sana. Kilichobadilika ni uzito wa ngoma na mng'ao wa vinanda. Hiyo ni kazi ya fundi mitambo, na neno mchanganyo mpya latosha kabisa kuieleza. Twasema mchanganyo, wala si mchanganyiko. Mchanganyiko umetokana na kuchanganyika, nao ni hali. Mchanganyo umetokana na kuchanganya, nao unamwonyesha mtendaji. Waandishi wetu wengi huyatumia maneno haya mawili kama pacha, na hasara yake ndiyo hii, kwamba fundi anatoweka.

Désenchantée ni habari nyingine. Mylène Farmer aliuimba mwaka 1991. Mwaka 2002 ukaimbwa na Kate Ryan, Mbelgiji ambaye hata lugha yake ya nyumbani haikuwa Kifaransa bali Kiholanzi, ukawa ndio uliojaza klabu za Ulaya. Mwimbaji huyohuyo mwaka 2008 akauimba Ella, elle l'a ambao France Gall aliutoa mwaka 1987. Mara nyingi tumesikia nyimbo hizo zikiitwa rimiksi. Si kweli. Katika nyimbo hizo hamna hata punje moja ya rekodi ya awali: mwimbaji mpya, ala mpya, studio mpya. Wimbo umeimbwa upya, basi. Kiswahili kinalo neno marudio, lakini hilo twalitumia kwa kipindi cha redio kinachorushwa mara ya pili bila ya badiliko, kwa hiyo lingepoteza watu. Uimbaji upya ni maneno mawili, na wapo watakaosema kwamba istilahi nzuri ni ya neno moja. Hatukubaliani nao. Kiswahili hakina kiambishi cha awali kinachofanya kazi ya kile cha Kilatini kilichorithiwa na Kifaransa na kukopwa na Kiingereza; sisi husema upya, au husema tena. Ukirudufu kitenzi hupati marudio hayo: kuimbaimba ni kuimba ovyo, hapa na pale, bila ya kukusudia. Kulazimisha kiambishi kisichokuwapo ndiko kulikotuletea maneno mengi yaliyokufa katika orodha kabla ya kutamkwa na mtu yeyote.

Kwetu Tanzania kuna matumizi ya tatu, ambayo twapita upesi kwa kuwa hayana utata mkubwa. Mwanamuziki wa bongo fleva akimwalika mwenzake aongeze ubeti, wimbo huo wa pili huitwa rimiksi. Mfano ujulikanao na wengi ni Number One wa Diamond Platnumz wa mwaka 2013, ambao baadaye uliongezwa sauti ya Davido wa Nijeria. Hapo neno nyongeza, au toleo la nyongeza, halina kasoro yoyote.

Kisa kilicho kizito zaidi ni cha 1er Gaou. Wimbo huu ulitolewa Abidjan mwaka 1999 na Magic System, vijana waliotoka Anoumabo katika eneo la Marcory. Kifaransa chao si kile kifundishwacho shuleni. Ni kile cha mitaani kiitwacho nouchi, ambacho vijana wa Ivory Coast wamekifuma kwa maneno ya lugha zao, wakakichezea watakavyo bila ya kuomba ruhusa Paris. Gaou ndilo neno mojawapo. Ni mshamba, mtu anayedanganyika kwa urahisi. Pengine bwege ni tafsiri iliyo bora, kwa kuwa mshamba wetu ana mji na shamba ndani yake, na gaou anaweza kuwa mtoto wa mjini. Kisa ni cha mwanamuziki aliyeachwa na mpenzi wake alipokuwa hana kitu. Alipoanza kuonekana katika televisheni, mpenzi akarejea kwa maneno matamu, naye akampokea kwa kejeli ambayo kila aliyewahi kuachwa kwa ajili ya umaskini ataifurahia. Hoja ya wimbo ni kwamba kudanganywa mara ya kwanza hakumfanyi mtu kuwa bwege, bali kurudia. Mwaka 2002 Bob Sinclar wa Ufaransa akauchanganya upya kwa ajili ya klabu, na kwa mlango huo ukaingia katika kumbi za Ulaya na kurudi Afrika kwa njia ya pili.

Wapo waliolalamika kwamba Mfaransa aliuharibu. Sisi twaona vingine. Alibadilisha ardhi, hakubadilisha mche. Waimbaji ni walewale, kisa kipo, kejeli ipo, na yule mwanamke bado anaonekana mlangoni. Ngoma tu ndiyo iliyopangwa ili mpiga santuri wa Paris aweze kuuunganisha na wimbo utakaofuata bila ya kujikwaa. Ukilinganisha kazi hii na kile kiitikio kilichotuchezesha Chekereni, unaona tofauti ambayo kwa sasa hatuna neno la kuitaja. Zote mbili zimechukua sauti kutoka mahali pake na kuiweka juu ya ngoma nyingine. Moja imeichukua na mizizi yake, nyingine imekata majani ya juu.

Msomaji ameshaona neno tunalolielekea, na hatutaficha kwamba tumelipata palepale majarubani. Mkulima wa Chekereni hasii mbegu zake moja kwa moja shambani. Husia katika kitalu, na baada ya wiki tatu hivi huing'oa miche na kuipandikiza katika jaruba lililovurugwa na kusawazishwa, kwa mistari. Mche ni uleule. Udongo, nafasi na majirani ndivyo vilivyobadilika, na kwa sababu ya kubadilika huko huzaa zaidi. Kila mtu kijijini anajua pia kwamba mche uliovutwa kwa pupa, mizizi ikabaki kitaluni, utasimama kijani siku chache kisha utakauka. Kwa hiyo twapendekeza kwamba kazi ya namna ya 1er Gaou, ambamo sauti ya rekodi ya zamani imetolewa na kuwekwa juu ya muziki mpya, iitwe mpandikizo. Na aifanyaye, mpandikizaji.

Neno hili lina maadui, na yafaa tuwasikilize. Wa kwanza watasema kwamba pandikizi ni mtu aliyepenyezwa katika chama au kikundi ili akivuruge, na kwamba harufu hiyo itauandama wimbo. Tumelifikiri hilo kwa muda. Lakini hospitali zetu zinapandikiza figo, na hakuna mgonjwa aliyelikataa neno kwa sababu ya wapelelezi. Viambishi vimetosha kutenga pandikizi na upandikizaji, na vitatosha kutenga mpandikizo. Wa pili watasema kwamba neno mseto tayari lipo na ni la Kiswahili safi. Ni safi, tena ni tamu. Ila mseto ni wali na choroko: vyakula viwili vilivyopikwa chungu kimoja, ndiyo maana hata serikali ya vyama viwili tuliiita ya mseto. Mpiga santuri anapoziweka nyimbo mbili juu kwa juu, sauti ya huyu na ngoma za yule, hapo amepika mseto, na neno lisitolewe mahali hapo panapolistahili. Kuliita mseto jambo lililoanza na wimbo mmoja ni kusema choroko zimo na hazimo.

Liko pia neno ambalo hakuna kamati iliyolitunga. Kuchakachua lilikuwa la wanaochanganya mafuta ya taa katika petroli au dizeli. Kufikia mwaka wa uchaguzi wa 2010 lilikuwa mdomoni mwa kila mtu, na tangu hapo kila kilichoharibiwa kwa hila kimechakachuliwa. Vijana hulitumia kwa nyimbo pia. Haliwezi kuwa istilahi, kwa kuwa limebeba hukumu ndani yake, na istilahi haipaswi kuhukumu kabla ya msikilizaji. Mhakiki, hata hivyo, ni hakimu. Sisi kwa upande wetu hatuoni haya kusema kwamba kiitikio kilichonyang'anywa beti zake kimechakachuliwa, maana kimeuzwa kwa jina la kitu ambacho sicho.

Yatubidi tuwe waadilifu hapa. Si kila ukataji ni uchakachuaji. Vijana wanaotengeneza singeli katika Dar es Salaam, kama wale wa studio ya Sisso ya Mburahati ambao kazi zao zilikusanywa Kampala na Nyege Nyege Tapes mwaka 2017, huchukua kipande kifupi cha taarabu au cha mchiriku, wakakizungusha kwa kasi inayopita mapigo 200 kwa dakika, hali muziki wa kawaida wa klabu ni kama 120 au 130. Hakuna anayedhani kwamba anasikia taarabu. Kipande kimekuwa tofali katika nyumba nyingine, na mwenye nyumba hajidai kuwa ndiye mwenye tofali. Dondoo ni neno tulilonalo kwa kazi hiyo, tumelizoea katika uandishi, nalo linafuatana na wajibu unaojulikana na kila mwanafunzi: ukidondoa, utamtaja uliyemdondoa.

Wajibu huo ndio uliotuleta mezani. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inamtambua mtunzi, inamtambua mwimbaji, na inamtambua aliyetengeneza rekodi, kila mmoja kwa haki yake. Sheria imetenga watu watatu; neno rimiksi linawaunganisha kuwa mmoja, na huyo mmoja mara nyingi huwa ni mpiga santuri wa mwisho. Tumeona faili za nyimbo zikipitishwa kutoka simu hadi simu zikiwa na jina la mtu aliyeongeza ngoma tu, jina la mwimbaji limekwisha kuanguka njiani. Kwa wimbo wa Kifaransa hasara ni mara mbili, kwa maana msikilizaji aliyekosa jina hana hata maneno ya kumsaidia kuutafuta. Lau kitambulisho cha faili ile ya Chekereni kingesema "Stromae, 2009, dondoo la kiitikio, beti zimeachwa", maneno machache hayo yangemtosha yule mama kudai beti zake. Wapiga santuri (ambao, kusema kweli, wengi wao hawajapata kushika santuri, lakini jina limedumu na lidumu) wasifikiri kwamba twataka kuwageuza makarani. Wao ndio wa kwanza kunung'unika pale ambapo kazi yao inapigwa na mwingine bila ya kutajwa.

Neno rimiksi lenyewe libaki. Libaki kama jina la ukoo, kama vile chombo kilivyo jina la jahazi, ngalawa na mashua. Mtu akiuliza ni rimiksi ya namna gani, ndipo ajibiwe kwamba ni mchanganyo mpya, ni nyongeza, ni mseto, ni dondoo, au ni mpandikizo. Uimbaji upya utolewe katika ukoo huo kabisa, kwa kuwa hauna damu nao.

Tumeshindwa na moja. Katika miaka ya karibuni zimeenea nakala ambazo hazikuongezwa wala kupunguzwa chochote isipokuwa kasi: ama wimbo umeharakishwa hata mwimbaji akawa na sauti ya mtoto, ama umepunguzwa mwendo hata akawa kama mtu aliyekatizwa usingizi. Alors on danse nao umepata nakala za taratibu za namna hiyo, na jambo la ajabu ni kwamba baadhi yao, kwa uzito wao, zimeurudishia wimbo huzuni ile iliyotupwa na klabu. Tumejaribu nakala ya kasi na nakala ya taratibu, na hayo ni maelezo kuliko kuwa majina; tumejaribu neno kupooza, likatupeleka jikoni. Wasomaji walio na neno linalotumika mahali pao watuandikie, na hasa walioko Kigoma, Bujumbura na Bukavu, ambako Kifaransa na Kiswahili hukaa ua mmoja na ambako huenda vijana wamekwisha kulitunga neno tunalolitafuta.